Mgongo wa Isheo

Kondo, dereva wangu wa bodaboda, alipunguza mwendo tulipoingia Kimamba, akageuza shingo kidogo ili maneno yasipeperuke. Tangu Kilosa alikuwa kimya juu ya pikipiki yake, na sasa alikuwa na onyo.

"Mkuu, ukifika pale usimuulize Isheo habari yake. Muulize Bi Joha. Na ukiona njano mgongoni kwa Isheo, hujaiona."

Nikamuuliza njano gani. Huku akikwepa mashimo na baiskeli za mkaa, akanieleza kwamba ngozi ya Mzeyu kama Isheo, kiumbe asiye binadamu, hukauka kila baada ya miaka kadhaa, na lazima ibambuliwe na Wazeyu wenzake, walioko Mikumi, nje ya mji, walikopewa makazi. Njano ikitokeza kati ya mabega ndiyo ishara kwamba wakati umefika. Asipobambuliwa, ngozi hukaza mpaka pumzi ikakosa njia. Akishabambuliwa harudi tena alikotoka, kwa sababu mgongo mpya huwa na maandishi mengine, na wanaojua kuusoma ni wale waliomsaidia kuutoa. Kondo ameshawapeleka wengi. Njano ya Isheo ilianza wakati wa vuli, na sasa mahindi yalikuwa yamefika kiunoni.

"Mji mzima umeona," akasema. "Ila wa kusema ni mmoja."

Bi Joha huuza uji karibu na stesheni. Ni mjane, mjukuu wa manamba waliokuja kukata mkonge enzi za mashamba makubwa. Nilimpa shikamoo, akaitikia marahaba bila kuacha kukoroga, akanionyesha benchi. Hatua chache kutoka kwake Isheo alikuwa anaziba pancha: mrefu kama mlango, mikono minne, ngozi ya rangi ya bua la mkonge lililokauka, mgongo wazi kama ilivyo desturi yao. Pamoja na onyo lote nililopewa, mazoea yakaniponyoka.

"Habari yako?"

Isheo akageuka, akanipa mgongo. Nikajua nimeshamuudhi.

"Anakujibu huyo," Bi Joha akasema. "Soma basi."

Sikuweza kusoma. Niliona mistari na madoa yakitembea taratibu chini ya ngozi, kama kivuli cha majani ukutani, na kati ya mabega baka la njano, pana kama sahani. Bi Joha akanisomea: hajambo, hana njaa, amefurahi kupata mgeni. Njano hakuitaja. Kondo akainama kukagua mnyororo wa pikipiki, ambao ulikuwa mzima kabisa.

Kilichonileta kule ni lugha. Nilikuwa nimesikia kwamba Kizeyu hakina neno "mimi". Kina "wewe", kina "yule", lakini hakuna Mzeyu anayeweza kusema nina njaa, naumwa, nataka. Mambo hayo yote yanaandikwa mgongoni, na mgongo wako huuoni. Kila Mzeyu basi ana mtu wake wa nyuma, anayemsoma na kumsemea kwa watu. Nilifika nikidhani huo ni upungufu wa lugha. Nilipokaa pale benchini asubuhi nzima niliona ni adabu: kujisemea mwenyewe ni kumpokonya mwenzako kazi aliyokabidhiwa. Lugha nyingine nilizopitia zingenilazimisha kwanza niamue kama Isheo ni mwanamume au mwanamke. Kiswahili wala hakikuuliza.

Isheo alikuja Kimamba na mwenzake, wakapewa chumba katika nyumba za zamani za mashamba ya mkonge, wakajifunza kutengeneza baiskeli. Mwenzake alifariki mwaka mto ulipofurika. Isheo akaenda kuketi stesheni, mgongo ameubandika ukutani, na hapo ndipo angekufa kwa njaa, kwa kuwa hapakuwa na mtu wa kusema kwamba ana njaa. Watu walimpita wakidhani anaomboleza. Bi Joha ndiye aliyemvuta mkono mmoja kati ya ile minne, akamtoa ukutani, akatazama mgongo uliokuwa kijivu kote, akakisia. Alimwekea bakuli la uji. Wazeyu hunyonya chakula kwa ncha za vidole. Isheo akatumbukiza vyote, na uji ukashuka mpaka bakuli likabaki kavu.

Kujifunza kusoma kulimchukua Bi Joha miaka, na alikosea sana. Ile mistari inayokimbia haraka aliichukulia ni hasira, kumbe ni furaha. Kila Isheo alipofurahi, Bi Joha alimwomba radhi.

"Akafikiri binadamu ndivyo tulivyo," Kondo akasema. "Ukifurahi, tunaomba msamaha."

"Wewe nyamaza, uliyempeleka abiria Dumila akitaka Kilosa," Bi Joha akamjibu, akiwa na kicheko.

Alasiri wateja walipungua. Hapo, kama kila siku wakifunga kazi, ilikuwa zamu ya Isheo kumsemea Bi Joha. Binadamu hatuandikwi mgongoni, lakini Isheo husoma namna kanga inavyokaa mabegani. Akasimama nyuma yake. Sauti ilimtoka kooni kama filimbi mbili zikipulizwa pamoja.

"Bi Joha amechoka mabegani. Si uji. Amebeba jambo peke yake, siku nyingi. Anaogopa."

Bi Joha aliendelea kufuta bakuli. "Anaogopa nini?" akauliza, kana kwamba anamuulizia jirani.

"Kitu kilicho mahali ambapo Bi Joha tu anasoma."

Kondo aliacha kuchezea ufunguo wake. Bi Joha akaweka bakuli chini, akageuka, akamzunguka Isheo mpaka akawa nyuma yake. Alisoma polepole, kwa sauti ambayo hata waliokuwa ng'ambo ya barabara wangeisikia.

"Isheo ana njano kati ya mabega. Imeanza wakati wa vuli. Ukingoni ngozi imeshaanza kukaza. Anatakiwa Mikumi." Akasogea karibu zaidi. "Na chini ya njano pana mstari. Anataka kwenda. Anatamani kwenda."

Isheo hakumlaumu. Sijui kama Kizeyu kina neno la kulaumu. Alirudisha mkono mmoja nyuma, akaupata wa Bi Joha, wakakaa hivyo mpaka treni ya mizigo ikapita.

Baadaye, akifunga masufuria, Bi Joha alinieleza bila mimi kumuuliza. "Marehemu mume wangu alikuwa mtu mwema, mwanangu. Lakini maisha yetu yote hajawahi kuniambia, Joha, leo umechoka. Huyu kila jioni ananiambia. Ningemtoaje?"

Kesho yake asubuhi Kondo alikuja kumchukua Isheo. Mzigo ulikuwa mdogo: pampu na kifuko cha vifaa. Mimi nilitaka nirudi nao mpaka Kilosa, lakini Mzeyu mmoja anajaza kiti chote.

"Mkuu, utatusamehe," Kondo akasema. "Isheo atafika Ulaya kabla yako." Ulaya ni kijiji, kiko njiani kwenda Mikumi.

Hapakuwa na kupeana mikono. Wazeyu huaga kwa mgongo, na kugeuza uso wakati wa kuondoka ni sawa na kujificha. Isheo alipanda, akanyoosha mgongo wote upande wetu, pikipiki ikaondoka, na Kondo akapunga mkono kwa niaba ya wote wawili.

Bi Joha alisimama katikati ya barabara, mwiko mkononi, akisoma kwa sauti.

"Ameshiba. Anaogopa mwendo wa Kondo. Ana huzuni, pale kushoto. Anafurahi pia, vimechanganyika." Pikipiki ikafika kwenye mikonge, akakaza macho. "Ana huzuni bado. Ana..."

Nilingoja. Vumbi lilikuwa limefunga barabara.

"Hapo sasa sioni," akasema, na akarudi kuugeuza uji kabla haujashika chini.