Supu ya mkate ya padre: mzee wangu alimpikia mama mara moja tu

Wakuu, heshima kwenu nyote humu jukwaani.

Leo sina picha ya pilau, wala siulizi kwa nini chapati zangu zinakauka. Nina habari ya supu moja ya Waitaliano iliyopikwa kijijini kwetu, kati ya Keroka na Nyamira. Nitaisimulia ilivyokuwa, na pale nilipokosea nitasema nilikosea. Nimeianza mara tatu nikaifuta, kwa hiyo mnivumilie.

Kwanza mumjue mzee wangu.

Mzee alikuwa mpishi wa padre. Kulikuwa na misheni upande wa Nyamira, na padre Mwitaliano aliyekaa huko mpaka nywele zikamwisha. Mzee alianza kama kijana wa kufyeka nyasi, padre akamwingiza jikoni, na huko akatoka mpishi kamili mwenye aproni nyeupe. Karo yetu sisi watoto wanne ilitoka kwenye sufuria za padre.

Lakini nyumbani mzee hakuwahi kuchemsha hata chai.

Wakisii mlio humu mnanielewa. Mwanamume aliyetahiriwa hana shughuli jikoni kwa mkewe. Kupika kwa mshahara ni kazi kama kazi nyingine, hakuna atakayekuuliza. Kupika nyumbani kwako, mke akiwa hai na mzima, ni aibu itakayosimuliwa sokoni Daraja Mbili, kwa wauza ndizi, na watu usiowajua. Mzee alikuwa anatoka misheni jioni, anaegesha baiskeli, anaketi sebuleni kungoja ugali wa wimbi. Nimekua nikiona hivyo na sikuona ajabu yoyote.

Mwaka jana mama alianza kulalamika kwamba chakula kinamkwama. Tulidhani ni vidonda vya tumbo, tukanunua dawa za chemist. Tulipokuja kumpeleka hospitali tukaambiwa ni saratani ya koo la chakula, na tumechelewa. Akaomba arudishwe nyumbani.

Mimi nafanya kazi kwenye duka la kuchapisha na kutoa kopi Kisii mjini, na nyumba nimepanga Nyanchwa. Mke wangu Moraa ni fundi wa nguo. Alifunga kibanda chake, akabeba cherehani mpaka nyumbani ili amtunze mama. Sijui kama nimewahi kumshukuru vya kutosha.

Siku moja nimeketi kando ya kitanda, mama akaniambia (nyumbani tunaongea Kikisii, nawawekea kwa Kiswahili), "Uji nimechoka nao. Nataka ile supu ya mkate baba yako alikuwa anampikia padre."

Nikamuuliza ameijulia wapi.

Akasema alipokuwa bado mke mgeni, alipeleka mayai misheni. Kupita nyuma ya jiko akasikia harufu ambayo hajawahi kuisikia. Mzee akatoka na aproni yake, akamwambia ni supu ya padre, ana malaria. Jioni mama akamwomba ampikie na yeye siku moja. Mzee akamjibu, "Watu watasema nini?"

"Sikumwomba tena," mama akasema. "Lakini ile harufu sijaisahau."

Nilimfuata mzee kwenye shamba la majani chai, nikamwambia ombi la mama neno kwa neno. Hakuacha kuchuma. Alimaliza mstari mzima ndipo akasema, "Mwambie mke wako awashe moto Jumapili. Nitamwelekeza."

Mnaona hapo. Hakukataa, lakini hakusema atapika.

Sasa, hiyo supu yenyewe. Padre aliiita pankoto. Kwao ni chakula cha watu wa shamba, wale ambao mkate ukikauka hawautupi. Unapasha mafuta ya zeituni kwa moto mdogo, unatia kitunguu saumu kilichopondwa na kukitoa kabla hakijawa kahawia. Unaweka nyanya mbivu zilizomenywa, ziive mpaka ziwe rojo. Unaongeza maji ya moto na chumvi, halafu vipande vya mkate mkavu, unaacha vinywe polepole bila kukoroga sana. Mwisho kuna majani yake ya kunukia, unayachana kwa mkono. Basi, imeisha. Ni laini kabisa, hata mtu asiye na meno anaimeza.

Mafuta nilipata chemist, kile kichupa kidogo ambacho watu hununua cha kuwapaka watoto wachanga. Mama alipokiona akauliza kama tunataka kumpaka au kumlisha. Alicheka, na alikuwa hajacheka wiki nzima.

Yale majani yalinishangaza zaidi. Kando ya tangi la maji pana kichaka ambacho miaka yote tuliambiwa ni cha kufukuza mbu, na mama ndiye alikuwa anakimwagilia. Kumbe mzee alileta mbegu kutoka kwa padre akazipanda pale. Hakumwambia mtu ni za nini.

Jumapili ikafika.

Wasio Wakisii niwaeleze kidogo. Baba mkwe na mke wa mwanawe wana heshima kati yao, tunaiita chinsoni. Hawakai karibu karibu, hawawezi kusongamana jikoni kwenye sufuria moja. Kwa hiyo Moraa alikuwa ndani ya jiko la mama, mzee ameweka kigoda nje chini ya dirisha ameupa ukuta mgongo, na mimi nimesimama mlangoni kupeleka maneno.

"Mwambie apunguze moto."

"Moraa, punguza moto."

Na Moraa alikuwa ameshasikia na kuupunguza, yuko hatua mbili tu kutoka alipo mzee.

Mzee alipika kwa pua siku hiyo. Alisema, "Hicho kitunguu saumu kimepita, mwambie akitoe," na kweli kilikuwa kinaanza kubadilika rangi. Alisema nyanya bado zina ubichi, na kweli zilikuwa nao. Mimi nilisimama pale nikifikiri huyu mtu ana kipawa na sisi hatukujua.

Lakini mkate haunuki, na hakuuona.

Kosa ni langu. Mzee alisema mkate mkavu, mimi nikanunua ule wa supamaketi uliokatwa vipande, wa siku hiyo hiyo. Nikajiambia mkate ni mkate. Ulipoingia kwenye supu ukayeyuka, ukawa kama ile gundi ya kubandikia mabango.

Tukampelekea mama hivyo hivyo. Akameza vijiko viwili kwa shida, akamshukuru Moraa kwa upole. Kisha akaniambia, si kwa sauti ya juu, "Hii ni ya Moraa. Mimi niliomba ya baba yako."

Mzee alikuwa sebuleni. Ukuta wetu ni wa mbao, na alisikia.

Kesho yake alinituma Keroka nilete mkate mzima usiokatwa, wenye ganda gumu. Akaukata mwenyewe kwa kisu chake cha mfukoni, akaupanga kwenye ungo, akauweka juu ya kabati. "Siku tatu," akasema. "Ukikauka nitaona."

Moraa aliniambia pembeni kwamba huo mkate ungekauka juu ya makaa kwa dakika kumi. Nikamwambia mzee. Akasema mkate wa pankoto hukaushwa na hewa.

Leo najua alikuwa anatafuta siku tatu za kujipa moyo. Nafikiri hata siku ile nilijua, na sikusema kitu.

Na hapa ndipo ninapojilaumu zaidi. Wakuu, mimi Nyanchwa napika. Moraa akichelewa na nguo za wateja, mimi ndiye ninayesonga ugali na kukaanga mboga. Lakini nafunga pazia kwanza. Mzee akiniuliza tunakula saa ngapi, nasema Moraa huwahi kupika. Na kwa mila zetu baba haingii nyumba ya mwanawe aliyeoa, kwa hiyo siri yangu ilikuwa salama. Ningemwambia tu, "Tata (yaani baba), hata mimi napika, na hakuna kilichonipata," pengine asingehitaji siku tatu. Nilimwonea aibu mtu aliyekuwa ananionea aibu mimi.

Alhamisi mkate ulikuwa tayari. Nilikuwa nimeomba ruhusa ya wiki nzima kazini. Asubuhi nilimwona mzee kwenye tangi akichuma yale majani.

Ndipo kina mama wa jumuiya ya kanisa wakafika kumwombea mama. Walikuja kwa moyo mzuri, na viazi vitamu na maziwa, wakaingia jikoni kuchemsha chai, wakakaa hadi alasiri. Mzee alisimama na majani mkononi akitazama mlango wa jiko uliojaa wanawake. Akayatia kwenye mfuko wa koti. Aliponipita akasema, "Kesho."

Ijumaa asubuhi nilikuwa na mama. Alikuwa amedhoofika sana, anapumua kwa juu juu. Moraa akaingia akaniinamia sikioni.

"Mzee ameniambia nitoke jikoni."

"Amemtuma nani akuambie?"

"Hakumtuma mtu. Ameniambia mwenyewe. Amesema, 'Mwanangu, nipishe.'"

Baada ya muda harufu ikaingia kupitia dirishani. Mafuta na kitunguu saumu, halafu nyanya.

Mama akafungua macho. "Nani anapika?"

"Ni mzee."

"Jikoni kwangu?"

"Ndiyo, mama. Yuko peke yake."

Akasema, "Mwambie asitumie ile sufuria ya mkono uliolegea. Itammwagikia." Akaniashiria nimwinue kwenye mto. Akavuta hewa kwa pua, akangoja, akavuta tena.

Hayo ndiyo yalikuwa maneno yake ya mwisho. Alilala vile vile nimemshika, na baada ya dakika kadhaa pumzi haikurudi. Moraa ndiye aliyemfumba macho.

Supu ilikuwa haijaiva. Nilisikia mwiko ukigonga ukingo wa sufuria kule jikoni, na mzee akikohoa kwa moshi. Moraa akanitazama kuona kama nitakwenda. Sikwenda. Nilimwacha amalize.

Alitoka jikoni ameshika bakuli kwa mikono miwili, amelifunika na sahani. Kutoka jikoni mpaka nyumba kubwa ni lazima upite uwanja, na ng'ambo ya ua kulikuwa na jirani zetu watatu wakichuma majani chai. Walinyoosha migongo wakamtazama. Hii ndiyo siku aliyoiogopa tangu alipooa.

Hakuna aliyecheka wala kunong'ona. Mmoja alimwamkia, naye akaitikia.

Aliingia, akaniona uso. Akaliweka bakuli kwenye kigoda karibu na kichwa cha mama, bila kulifunua, akaketi ukingoni mwa kitanda.

"Nimechelewa," akasema.



Tulimzika mama karibu na migomba, upande wa tangi. Matanga yalijaa watu, na mimi nilikuwa natega sikio kuona nani atataja mzee kuingia jikoni. Hakuna hata mmoja. Wiki iliyopita yule jirani aliyemwamkia alikuja kuuliza supu hiyo inapikwaje, kwa sababu mumewe hana meno na anasumbua kwenye chakula. Mzee alimwelekeza, akampa na majani.

Kwa hiyo wale watu ambao wangesema kitu hawakuwa na la kusema. Miaka yote ile tuliwaogopa bure, na mama ndiye aliyelipa.

Funzo langu ni fupi. Kama kuna mtu wako amekuomba kitu kidogo na unakiahirisha kwa sababu ya majirani, kifanye leo mkate ukiwa mbichi au mkavu. Mimi pazia la Nyanchwa siku hizi silifungi. Jirani ananiona na mwiko na maisha yanaendelea.

Swali langu kwenu ni hili, na naomba mnijibu kwa uwazi hata kama litaniuma: nilikosea kumwacha mzee amalize kupika? Moraa anasema nilifanya vyema. Mimi kuna siku nadhani ningemwita, angalau angemshika mkono ukiwa bado na joto. Wenye wazazi, wenye wake, semeni.

EDIT: Mmoja wenu ameuliza kama mzee anajua kwamba mama alisikia ile harufu. Anajua, nilimwambia jioni ile ile. Siku hizi anajipikia, na Jumapili nikienda anapika pankoto, tunakula wawili jikoni kwa mama. Kila Jumapili ananiuliza tena mama alisema nini, na kila Jumapili namjibu kwamba alisema usitumie ile sufuria ya mkono uliolegea.

Naye hujibu vile vile, akitazama bakuli lake. "Na sikuitumia."