Mawaridi ya Bibi Pasi

Jina la Bibi Pasi lilitoka hospitalini, katika chumba cha kufulia, alikonyoosha mashuka na sare za wauguzi tangu usichana wake hadi kustaafu. Shuka lililopita mkononi mwake, hata nzi angeteleza. Mumewe alipofariki, binti yake wa pekee alimfuata kule milimani kwenye baridi, akamleta kuishi naye bondeni, kwenye mji wa joto na unyevu ambako nguo hulala kambani zikiwa mbichi na viatu huota ukungu kabatini. Bibi hakubishana. Alifunga virago, kisha akang'oa mawaridi ambayo marehemu alimpandia walipooana, akayaviringisha kwenye gunia lililoloweshwa na kuyapakata njia nzima kama mtoto mchanga.

Uwanja wa binti ulijaa mizoga ya friji, maana mumewe alikuwa fundi friji. Mkwe huyo hakuwa mtu wa maneno mengi. Akimwamkia Bibi huangalia chini, na akishaamkia hutafuta kazi ya kufanya. Alisogeza friji zake, akampa mama mkwe kipande cha ardhi chini ya dirisha.

Bibi akalima kama alivyozoea kwao: maji asubuhi, maji jioni, na nyasi kavu kulikumbatia shina hadi shingoni. Kule milimani ndivyo waridi linavyobembelezwa. Huku ilikuwa kulizamisha. Majani yakapata madoa meusi, yakapukutika, na mizizi ikaoza ikinuka kama tambara lililosahauliwa ndooni. Shina la kwanza lilipokufa, Bibi alijikaza kisabuni. Lililofuata lilipoanza kunyauka, alimwambia binti yake jikoni, bila hasira, kwamba siku waridi la mwisho litakapokufa atarudi kwao. Binti alilia. Mkwe alikuwa kibarazani akifungua mota. Alisikia yote.

Basi yakawa maajabu. Shina lililolala limenyauka likaamka na majani mabichi, na baada yake jingine. Majirani wakausifu mkono wa Bibi. Naye akaitikia sifa, lakini hakuwa mjinga. Mtu aliyemaliza ujana wake akitofautisha mashuka kwa kuyapapasa tu hawezi kushindwa kulitambua waridi lake. La marehemu lilikuwa jekundu la kukolea, lenye harufu nzito. Hili lilikuwa jekundu la rangi ya mdomo, na ukilinusa huambulii kitu. Akahisi anachezewa shere. Akaamua kuvizia.

Alfajiri moja akachungulia dirishani, akamwona mkwewe amepiga magoti topeni, mkono mmoja ameshika mche wa kununua, mwingine shina lililooza. Bibi akavaa kandambili, akatoka.

"Mwanangu, hilo si langu."

Fundi hakuinuka. "Najua, mama. Lako la mwisho ndilo hili, limekufa."

Akajipangusa tope kwenye suruali, macho bado chini. "Mimi mama yangu sikumjua. Tangu umekuja, nikirudi kazini kuna mtu ananiuliza kama nimekula. Nikaona bora nikudanganye kuliko uondoke."

Bibi alikuwa amejiandaa kugomba. Badala yake akakaa juu ya friji iliyolala, akalia kilio ambacho msibani hakukipatia nafasi, maana siku ile alikuwa na wageni wa kuwapokea. Mkwe alibaki pale pale magotini, hajui aende au akae. Mwishowe Bibi akamuuliza kama amekunywa chai.

Mchana walifuatana kwa muuza miche wa kando ya barabara, ambaye alicheka kumwona mteja wake wa mawaridi amekuja na mwenye mawaridi. Aliwaeleza kwa upole kwamba ardhi ya huku haikauki, na waridi miguu yake ikikaa majini usiku na mchana hufa hata ungeliimbia. Wapande pa juu, maji yapite, na wachague maua yanayopenda joto na unyevu, yanayochipua yenyewe mwaka hata mwaka. Akawapa vipande vya mizizi minene mfano wa tangawizi. Bibi akaguna, akauliza kama ni ya kupanda au ya kutia kwenye chai. Lakini akaipokea.

Fundi akazilaza friji mbovu chali, akang'oa milango, akazitoboa chini, wakazijaza udongo, mchanga na mbolea. Majirani wakasema sasa angalau kuna friji ya fundi inayofanya kazi. Mvua zikaja, majani yakapanda hadi dirishani, kisha yakatoka maua meupe, mepesi kama vipepeo, na harufu yake ikaingia hadi chumbani. Bibi hakusema kwamba yamechukua nafasi ya mawaridi. Ziko asubuhi alizosimama pale akitafuta wekundu kwa macho. Ila alikuwa amesimama na jembe mkononi, na mkwe wake ubavuni, wakibishana kuhusu mbolea.

Miaka ilipopita alikwenda milimani kuwaona ndugu. Walimbembeleza akae hadi mwezi uishe. Akasema hawezi, mvua za kwake zimekaribia, na mizizi lazima igawanywe kabla haijasongana.