Petro Asisinzie

Harufu ya majani mabichi yanayoungua hunikosesha raha mpaka leo. Jirani akifyeka na kuchoma, mimi hufunga dirisha. Wajukuu hunicheka kwamba bibi anaogopa moshi. Waache wacheke.

Nilikuwa na miaka kama minane, kwetu Biharamulo, tarishi alipoleta amri ya serikali ya Mwingereza. Mbung'o wamejaa porini, malale, ugonjwa wa usingizi, yanaua watu, kila mji uhamie makazi mapya kando ya barabara. Hakuna aliyetuuliza kama tunataka. Tuliacha migomba ina mikungu, na tulipogeuka tuliona vichaka na nyumba vinachomwa ili mtu asirudi.

Tulitembea siku mbili. Mama alijitwika mbegu za ulezi, mimi nikambeba mdogo wangu Petro mgongoni. Alikuwa anasinzia mchana kweupe, na hilo lilitutia hofu. Mbele kulikuwa na kizuizi, na daktari akimshuku mtu humpeleka kambi ya wagonjwa. Shangazi alipelekwa huko, hatukumwona tena.

"Asilale mbele ya yule daktari, mwanangu," mama aliniambia. "Mfinye."

Nikamfinya, kwanza kidogo pajani, halafu kwa kucha. Kwenye foleni askari walipunga nyavu ndogo za mkono migongoni mwetu kutafuta mbung'o, na daktari akapapasa shingo za watu kutafuta tezi zilizovimba. Zamu yetu ilipofika, Petro alikuwa analia kwa nguvu zake zote.

"Mwenye kilio hiki haumwi malale," daktari akasema, akacheka, akatupungia mkono tupite.

Jioni ile mama alinipa kiazi kikubwa kuliko chake. Nilijivuna sana, sitaki kuwaficha.

Petro alikufa kabla ulezi wetu haujakomaa.

Nilikuwa na watoto wangu watatu niliposikia, nimekaa kwenye benchi la zahanati, kwamba malale hutibika yakiwahiwa, na kwamba hata wakati ule sindano zilikuwepo kule kambini. Wapo waliopona. Nilikwenda moja kwa moja kwa mama, nimeazimia kumwuliza kama alijua. Nikamkuta anamenya ndizi, nikamwamkia shikamoo, nikachukua kisu kingine nikamsaidia. Sikuuliza. Katika safari ile watu wengine walituamulia kila kitu. Sisi tuliamua jambo moja tu, na jambo hilo lilikuwa Petro.