Koki ya Kutawadhia

Koki anayotawadhia mume wangu iko uani, chini kabisa, usawa wa goti, na mbele yake pana kigoda chake. Mwaka ule ilikuwa imekaza. Chumvi ya Bagamoyo hula kila chuma, ikaingia mpaka ndani, mpini ukawa haugeuki ila kwa mikono miwili. Yeye alikuwa na mmoja tu. Kiharusi kilikuwa kimemchukua wa kulia, ule aliokuwa akinipigia.

Nilipigwa miaka ishirini na sita. Naandika hivyo hivyo kwa sababu nimechoshwa na watu wanaosema eti tulikuwa na mambo yetu ya ndani. Alinivunja jino, akanivunja mkono, na siku moja alinipiga mgongoni kwa sufuria ya wali ingali ya moto, kisha akauliza kama umebaki wali mwingine. Binti yetu, mwalimu kule Lugoba, alikuwa akinipigia simu kila wiki: "Mama, ondoka huko, njoo ukae kwangu." Nilikuwa nikimjibu kwamba baba yake hajaniomba radhi hata mara moja, nami sitoki katika nyumba ile kabla sijalisikia neno hilo kwa masikio yangu. Mtu atasema huo ni ujinga. Sawa, kila mtu ana wake.

Basi Jumanne moja akaniamkia na koki. Koki, koki, koki, tangu chai. Fundi alikuwa ameahidi kuja wiki nzima iliyopita, na fundi wa kwetu akikwambia yuko njiani, ujue hajatoka kitandani. Nikaenda mwenyewe duka la vifaa vya ujenzi. Kijana wa dukani akanipa shikamoo, akanitolea kile kidude cha ndani ya koki kinachofungua na kuzuia maji. Wenyewe wanakiita katriji.

"Lakini mama, kazi hii mwachie fundi," akasema.

"Nifungie, mwanangu. Nimeolewa na kazi ngumu kuliko hiyo."

Maji ukiyavulia nguo sharti uyaoge. Mwenye akili angeanza kwa kufunga valvu iliyo karibu na geti. Mimi sikufunga. Mtaani kwetu maji hutoka Jumatatu na Alhamisi, na nani huhangaika na valvu siku isiyo ya maji? Niligeuza mpini kwa mikono miwili, ikatoka hewa tu, nikaridhika.

Mpini ulichomoka vizuri. Nati iliyo chini yake ikagoma. Nikaibana kwa ile spana inayoshika nati ya kila saizi, ambayo mafundi wameipa jina la matusi, nikavuta, ikakataa. Nikachukua nyundo nikaanza kuigonga spana mpaka plasta ya ukuta ikawa inadondoka miguuni. Nitasema kweli, nilikuwa naona raha. Kila pigo nililipa jina lake moyoni: hili la jino, hili la mkono, hili la wali. Mwishowe nati ikaachia, nikaitoa. Katriji yenyewe ikabaki mle ndani, imeng'ang'ania kwa chumvi.

Yeye muda wote alikuwa amekaa kwenye kigoda, uso karibu na koki, akitoa amri.

"Siyo hivyo! Unagonga kama unatwanga kisamvu," akasema, akacheka kwa upande mmoja wa mdomo. "Ndiyo maana nilikuwa nakupiga. Wewe hufundishiki."

Sikumbuki nilivyosimama. Nakumbuka spana iko juu ya kichwa changu na sauti yangu inafika kwa majirani: "Fungua mdomo mara nyingine uone kama sijakupasua hicho kichwa!"

Hapo bomba likakohoa. Walikuwa wamefungulia maji bila taarifa, Jumanne, saa tano asubuhi. Katriji ikafyatuka kutoka ukutani, ikampiga juu ya nyusi, akaanguka kutoka kwenye kigoda. Maji yakafuata kwa nguvu zote.

Nilipopangusa macho alikuwa amekaa kwenye tope, damu inamchuruzika mpaka shavuni, maji yanamchapa kifuani, na mkono wake mmoja ameukinga mbele ya uso. Katriji hakuiona. Alichojua ni kwamba mke wake aliinua spana na sasa kichwa kinavuja damu.

"Basi," akasema. "Basi, mke wangu, usinipige tena. Nisamehe. Nisamehe kwa yote."

Nilifurahi. Sitalipamba hilo. Nilifurahi kuliko siku ya harusi yangu. Kisha nikaona anavyotetemeka, nikaona haya, kwa maana mahali pale pale, kwenye tope lile lile, nilishakaa mimi mara nyingi nikitetemeka hivyo. Neno dogo tu lingetosha: ni maji, baba watoto, si mimi. Lilikuwa limeshafika ulimini.

Uani palikuwa pamejaa maji, na ndoo zote tupu. Spana bado ilikuwa juu.

"Sema tena," nikamwambia.

Akasema tena. Ndipo nikaenda kufunga valvu.