Sauti ya Ryoji Sikioni

Katika mtaa wa maduka wa Hinode, kusini mwa Osaka, watu huanza kutaniana wakifungua milango na huacha wakishaifunga. Muuza samaki humchokoza muuza viatu, muuza viatu humgeukia muuza mboga, na mteja asiyejibu huulizwa kama anaumwa. Kuniharu Segawa alizaliwa hapo hapo, ghorofani juu ya duka la baba yake la mishikaki ya kuku, lakini mdomo wa mtaa huo haukumfikia.

Si kwamba hakuweza kusema. Akiwa na mkewe Yasue alizungumza vizuri tu, na hata kuchekesha. Lakini mtu asiyemzoea akisimama mbele ya jiko lake, maneno yalimkauka kooni. Aliinamia makaa akayapepea, hata kama hayakuhitaji kupepewa. Mama Iwane, aliyeuza matonge ya pweza upande wa pili wa njia, alizoea kumwambia, "Kuni, kuku wako akiwa kijitini anaongea kuliko wewe." Kuniharu alicheka kidogo, akampelekea mishikaki ya ngozi ya kuku ikiwa moto, na hilo ndilo lilikuwa jibu lake.

Aliyemsemea maisha yake yote alikuwa Ryoji Obata. Walianza darasa la kwanza pamoja. Mwalimu akimwita Kuniharu, yeye alisimama akawa mwekundu kama nyanya, na Ryoji nyuma yake akatoa jibu, mara nyingine la kweli, mara nyingine la kuchekesha darasa ili mwalimu asahau alikuwa anamuuliza nani. Kuniharu alipotaka kumwoa Yasue, ni Ryoji aliyekwenda kukaa mbele ya baba mtu akazisifu tabia za rafiki yake mpaka mzee akauliza kwa nini huyu msemaji hajiposei mwenyewe.

Kisha kampuni aliyofanyia kazi Ryoji ikapunguza watu, naye akawa miongoni mwao. Akarudi Hinode kukaa juu ya kreti kando ya jiko la Kuniharu, akitazama wapita njia. Hapo ndipo alipopata wazo la kutembeza wageni. Angewachukua kwenye kituo cha treni, awapitishe kwa miguu vichochoroni, waonje kidogo kila duka, huku yeye akiwasimulia habari za mtaa. Wenye maduka walikataa. Walisema wageni wataziba njia, watakula huku wakitembea, watamwaga mchuzi kwenye viatu vya watu. Kwenye mkutano wao, Kuniharu, ambaye alikuwa hajawahi kufungua mdomo hapo, alisimama.

"Ryoji ni ndugu yangu," alisema. "Mkimkataa yeye mmenikataa na mimi."

Akakaa. Watu walishangaa zaidi kumsikia anaongea kuliko walivyoshangazwa na alichokisema. Wakakubali.

Tangu hapo kijibendera cha manjano cha Ryoji kilikuwa kinapita Hinode kila siku ya jua, na wageni nyuma yake. Makubaliano yao yalikuwa mepesi. Ryoji alisema, "Wewe choma, mimi nitaongea," na ikawa hivyo. Kituo kikuu cha safari kilikuwa duka la Segawa, kwa sababu ya chungu chake cha mchuzi.

Mchuzi wa mishikaki, ule mzito wa soya na sukari na pombe ya mchele, katika duka la namna hiyo haupikwi upya ukaisha. Mishikaki huchovywa humo humo, mafuta ya kuku hudondokea humo, na kinachopungua leo huongezewa juu ya kilichobaki jana. Chungu cha Segawa hakikuwahi kukauka tangu kilipoanzwa na baba yake. Ryoji alikuwa akiwasimulia wageni jinsi kimbunga kikubwa kilivyoleta maji mpaka madirishani, na mzee Segawa akapanda paa la shule na chungu mgongoni, kimefungwa kwa mshipi wa kimono ya harusi ya mkewe. Aliacha godoro, akaacha redio, akaacha hata kibao cha mizimu ya ukoo. Mkewe alipomkuta juu ya paa alimuuliza, "Na mimi ulipanga kunirudia saa ngapi?"

Wageni walicheka kila mara. Kuniharu hakuinua kichwa, lakini kila mara alihisi kama baba yake amepita nyuma yake akielekea kuchukua makaa. Yeye mwenyewe asingeweza kuisimulia habari ile hata akilipwa. Alishukuru kwamba yuko anayeweza.

Mchuzi wa chungu kama hicho hauombwi. Anayepewa ni yule aliyetumika dukani mpaka akaweza kusimama peke yake. Huyo huchotewa mtungi wake, na jina la duka huandikwa kwenye pazia la mlango wake, akawa kama mtoto wa nyumba ile. Kumwomba mtu mchuzi huo bure bure ni kama kumwomba mwanawe. Kwa hiyo siku moja ya mvua Ryoji alipomwomba mtungi mmoja, Kuniharu aligeuza mishikaki iliyokwisha kuiva.

Ryoji alisema ni kwa ajili ya mama yake. Yuko kwenye nyumba ya wazee, hamtambui mtu, hata yeye mwanawe anamwita daktari. Labda akilamba ladha hii atakumbuka kitu.

Kuniharu alimkumbuka mama huyo. Ndiye aliyemlisha wali wa kufinyanga mkononi wakati mama yake mwenyewe alipolazwa. Akachukua upawa, akachota kwa mkono wake, akafunga mtungi kwa kitambaa safi. Yale maneno ambayo desturi inataka yasemwe wakati wa kutoa, kwamba usiuze, usimpe mwingine, hakuyasema. Aliona haya kumwekea rafiki masharti.

Baada ya hapo bendera ya manjano ikaanza kupotea. Ryoji alisema joto la mwaka huo limezidi, wageni wanachoka, kipupwe kikija atarudi. Kipupwe kikaja. Siku moja Kuniharu, akifagia mbele ya duka, aliiona bendera ikipita mwisho wa mtaa na kukata kona kuelekea kituoni. Alijiambia labda leo wana haraka.

Kisha akaja mama mmoja wa Nagoya aliyewahi kupita na msafara zamani. Alikula, akamtazama kwa huruma, akamuuliza kwa nini anaendelea kujichosha kwenye kijiduka hiki cha moshi wakati tawi lake la karibu na kituo ni zuri vile, lina meza na vipoza hewa.

"Tawi gani?" Kuniharu aliuliza.

Yule mama akaeleza. Mchuzi ule ule, baba yule yule na kimbunga chake. Mwongozaji ndiye aliyewasimulia huko, naye akadhani ni tawi la Segawa. Alipoona uso wa Kuniharu, alikatisha maneno, akainama mara nyingi na kuondoka bila kumaliza mishikaki yake.

Yasue alimwambia mumewe aende akamuulize Ryoji. Kuniharu akakataa. Alisema akiuliza, Ryoji atajibu, na majibu ya Ryoji yalikuwa mazuri siku zote. Alichotaka ni kuona kwa macho yake kwamba si kweli. Ndugu yake hawezi.

"Basi baba Chie, twende kama wageni," alisema Yasue. Akaandikisha nafasi mbili kwa jina lake la kabla ya kuolewa.

Ryoji aliwaona kituoni wakiwa wamesimama nyuma ya wageni wengine, Kuniharu amevaa kofia ya kuvulia samaki.  Halafu akawasha kipaza sauti kwenye kola yake, akagawa vidude vya waya vya kuvaa sikioni, na alipofika kwao akawapa kwa mikono miwili, kama anavyopewa mgeni yeyote. "Karibuni," alisema. "Mkivaa hivi mtanisikia hata nikiwa mbali."

Kwa hiyo Kuniharu alitembea kandokando ya mtaa wa kwao na sauti ya rafiki yake ndani ya sikio. Walikula kababu za viazi kwa mchinjaji. Walikula matonge ya pweza, lakini si ya Mama Iwane, ya duka lingine ambalo wenyeji hawalipendi. Walipopita mwisho wa Hinode, mzee mmoja wa Tokyo alinyoosha kidole kuelekea chini ya paa la mabati lililoufunika mtaa, akauliza huko kuna nini.

"Huko kumekufa, mzee," ilisema sauti sikioni. "Twendeni tu."

Yasue alimshika mumewe mkono wa shati, hakuuachia tena.

Duka la karibu na kituo lilikuwa na vioo na taa, na pazia jipya lililopakwa rangi ili lionekane limezeeka. Mchomaji alikuwa kijana aliyeajiriwa na kampuni yenye duka lile, amevaa eproni nyeupe, hakumjua Kuniharu hata kidogo. Nyuma yake, juu ya kibao chenye taa yake pekee, palikuwa na chungu. Ryoji akasimama mbele yake akasimulia. Maji madirishani, paa la shule, mshipi wa kimono, swali la mke. Hakuacha kitu. Alibadilisha tu mwenye baba, sasa akawa wa duka hili.

Wageni walicheka pale pale wanapocheka wageni siku zote. Kuniharu alipewa mshikaki, akaung'ata. Mpaka dakika hiyo alikuwa bado anatumaini kwamba ndani ya chungu kile mna mchuzi wowote tu wa dukani, na kwamba Ryoji anadanganya kwa mdomo. Uongo wa mdomo wa Ryoji alikuwa amekua nao, angeumeza. Lakini chini ya sukari waliyoizidisha alikuwamo baba yake.

Ryoji aliaga wageni kwa tabasamu, akasema anakwenda jikoni mara moja, akapotea nyuma ya mlango. Kipaza sauti kilikuwa bado kwenye kola ya shati lake, na hakukizima. Akiwa huko nyuma aliendelea kuongea masikioni mwa watu wote.

"Yule wa kofia ndiye mwenye mchuzi," ilisema sauti. "Usiwe na wasiwasi, mpe mishikaki mingine miwili. Hatasema kitu. Namjua tangu utotoni, hajawahi kuwa na la kusema." Kisha mtu wa jikoni akauliza jambo ambalo halikusikika, na Ryoji akacheka. "Kunipa alinipa mwenyewe, kwa mkono wake. Nilimwambia ni wa mama. Mama hata meno ya kutafuna kuku hana."

Hakuna aliyesogea. Yule mzee wa Tokyo aliutazama mshikaki wake, akaurudisha kwenye sahani taratibu. Wengine walitazama dari, wengine viatu vyao, kwa sababu hakuna asiyejua sasa nani amevaa kofia. Kuniharu alihisi macho yale yasiyomtazama yanamchoma shingoni, kama zamani darasani. Safari hii hakuna aliyekuwa nyuma yake wa kumjibia.

Ryoji alirudi akipangusa mikono. Alifika katikati ya duka ndipo alipogundua ukimya. Kuniharu alikuwa ameshatoa kidude sikioni. Alizungusha waya vizuri, akakipangusa kwa leso yake, akamrudishia kwa mikono miwili.

"Kipaza sauti bado kiko wazi," alimwambia.

Akatoka na mkewe. Njiani Yasue, ambaye huwa halii, alilia akitembea bila kujifuta.

Kesho yake Ryoji alikuja Hinode amevaa suti, na sanduku la keki za maharage limefungwa kwenye kitambaa cha heshima. Mama Iwane aliacha kugeuza matonge yake, yakaungua. Ryoji aliinama mbele ya jiko mpaka mgongo ukawa kama meza, akanyoosha sanduku. Yasue alikuwa karibu, lakini hakulipokea. Ryoji akabaki nalo mikononi.

Alieleza, na kweli alieleza vizuri. Wageni walikuwa wanalalamika kwamba mwenye duka hasalimii, wengine wakaandika kwamba amenuna. Kampuni ya lile duka la kituoni ilitaka duka lenye viti na historia. Na historia hii ingekufa hata hivyo, kwa kuwa Chie, binti wa Kuni, ameolewa mbali huko Sendai, hatarudi kushika upepeo. Alifikiri anamtua Kuni mzigo.

"Na wewe mwenyewe hujawahi kuisimulia hata siku moja," alisema. "Kuni, niambie, nimekunyang'anya nini?"

Kuniharu alitafuta jibu. Kwamba hajawahi kuisimulia ilikuwa kweli, na hiyo ndiyo iliyomuuma zaidi. Alikuwa amemwachia mtu huyu baba yake, harusi yake, sauti yake, kwa sababu alidhani viko mahali salama kuliko kwake mwenyewe. Angeweza kusema hivyo. Maneno yalikuja mpaka kwenye ulimi yakamkauka.

Akachukua mishikaki mibichi, akaipanga juu ya makaa. Kuna swali ambalo mchomaji humuuliza kila mteja kabla ya kuanza. Ryoji hakuwahi kuulizwa swali hilo kwenye duka lile, tangu siku walizokuwa wakitoka shule wakiwa na mabegi mgongoni, kwa sababu kila mtu pale alijua anakula ya mchuzi. Kuniharu aliinua uso, akamtazama machoni.

"Mchuzi au chumvi, bwana?"

Ryoji alifungua mdomo. Mtaa mzima ulikuwa unasubiri, na kwa mara ya kwanza tangu wafahamiane yeye ndiye aliyekuwa mwekundu. Aliteremsha lile sanduku mpaka likagusa goti.

"Chumvi," alisema.

Kuniharu akanyunyiza chumvi.