Maji ya Mtu Uliyekosana Naye

Mtaa wetu uko Mbagala, ndani kidogo kutoka barabara ya Kilwa, mahali ambapo mabomba yalifukiwa zamani na mpaka leo hayajatoa kitu zaidi ya upepo. Nayasema haya bila uchungu, maana uchungu wangu niliumaliza miaka ile ya kwanza, nilipokuwa bado nafungua koki kila asubuhi kama mtu anayebisha hodi kwenye nyumba isiyo na watu. Wa Mbezi Beach maji yakikatika wanampigia simu mwenye boza. Sisi tulikwenda kwa jirani.

Jirani huyo ni mjane mwenye duka la rejareja, wa ukoo wa Waarabu waliofungua biashara hapa kabla mtaa haujawa mtaa. Mumewe alipofariki alichimbisha kisima uani kwake, kipana, cha kuchimbwa kwa mkono na kujengewa pete za zege. Akafunga pampu na tangi, akatoa bomba mbili nje ya ukuta, zikawa za kila mtu. Ilikuwa sadaka yake kwa marehemu, ile ambayo thawabu yake humfikia mtu kaburini kadiri watu wanavyoendelea kunywa. Hakutoza kitu. Sharti lake lilikuwa moja tu, asiyauze mtu. Maji yenyewe yana chumvi kidogo, chai inataka sukari ya ziada na sabuni haitoi povu mpaka uibembeleze, lakini cha bure hakichaguliwi.

Mama alikuja kukaa nami mwaka ambao mvua iligoma kabisa kwao, upande wa Dodoma. Nilimfuata mwenyewe. Nilimkuta anaamka alfajiri kwenda kwenye mto wa mchanga, mto ambao ni mto kwa jina, kwa sababu maji yake unayafukua chini ya mchanga na kuyachota kwa kata, kidogo kidogo, ukisubiri yajikusanye tena. Goti lake la kulia lilikuwa limevimba. Alikubali kupanda basi kwa sharti.

"Mvua ikinyesha, narudi."

Nikamwambia sawa, huku moyoni nimeshaamua harudi ng'o. Mwaka ule watu wote walihangaika na maji, na mimi nilihangaika nayo pia, lakini kilichonikosesha usingizi ni namna ya kumfanya mama abaki. Nilijua akirudi kule na goti lile, siku moja ningepigiwa simu kwamba ameanguka mtoni, na mimi niko darasani nafundisha watoto wa watu.

Inabidi nieleze kidogo kule kwao, la sivyo hamtamwelewa. Mama akihesabu ukoo wake, anahesabu visima. Huyu alichimba kile cha chini ya mkwaju, yule alinyang'anywa kile cha kwenye kona. Bibi yangu aliolewa mbali kwa sababu ukoo wa babu ulikuwa na kisima kisichokauka, mahari ikapunguzwa na kila mtu akaona ni haki. Mjomba wangu ana kovu la mkuki begani, nalo alilipata kwenye ugomvi wa nani anyweshe ng'ombe kwanza. Wakati wa vijiji vya ujamaa, watu walihamishiwa mahali penye ofisi, shule na bendera, wakarudi kimyakimya walikotoka. Waliitwa wapinga maendeleo, kumbe walikuwa na kiu. Hadi leo, anayetaka udiwani kule anaulizwa swali moja tu, lini maji yatakuja. Wote wanajua jibu litakuwa uongo, wanampa kura aliyedanganya kwa heshima zaidi.

Katika maisha ya namna hiyo watu hujitungia sheria. Ukoo wa mama unazo nyingi, mbili zinahusika hapa. Ya kwanza, kisima lazima kiwe na boma la miiba na zamu inayojulikana. Ya pili, ukikosana na mwenye kisima, maji yake huyanywi mpaka mpatane. Na ukiyanywa, ndiyo umepatana. Kinyongo huna tena haki nacho. Mama alinifundisha hayo nikiwa mtoto, kama wenzangu walivyofundishwa kunawa mikono, na mimi nikayasahau kama wenzangu walivyosahau.

Yeye na yule mjane walipendana haraka kuliko nilivyotegemea. Mchana, duka likiwa halina wateja, mama alivuka njia na kiti chake cha plastiki, wakanywa kahawa na kusema watu. Waliitana dada. Mjane alimcheka kwa namna alivyokunywa kahawa na maziwa, mama naye alimcheka kwa kuogopa ng'ombe. Nilikuwa nikirudi kazini nawasikia tangu kwenye kona, na nilianza kupata matumaini. Mtu mwenye rafiki hafungi mizigo ovyo.

Kisha ukame uliokuwa kwao ukatufikia huku. Mto unaolisha mji ulipungua, mgao ukatangazwa, na hata mitaa iliyozoea maji ya bomba ikakauka. Watu wa bondeni, ng'ambo ya mfereji, visima vyao vifupi vilibaki tope. Wakaanza kupanda kwetu. Alfajiri ungekuta madumu yamejipanga ukuta mzima, moja lina kitambaa, jingine limechorwa jicho, jingine limefungwa kamba ya kiatu, kila dumu linamsimamia mwenyewe aliyerudi kulala. Ikifika saa sita tangi limekwisha na pampu inanguruma kavu. Wanawake waliokuwa wakisuka nywele pamoja wakaanza kuitana "nyie wa bondeni" na "nyie wa juu." Mama mmoja alipigwa na mfuniko wa ndoo usoni. Nilikuwepo. Hakuna aliyeomba radhi, na aliyepigwa hakuondoka kwenye foleni.

Uchaguzi wa serikali ya mtaa ulikuwa karibu, kwa hiyo mkutano uliitishwa. Mwenyekiti aliyekuwepo alisema mradi wa bomba uko njiani, kauli tuliyoizoea kama wimbo. Mgombea mwingine, kijana mwenye duka la vifaa vya ujenzi, alisema kisima kifungwe geti, wachote wa mtaa huu tu. Alipigiwa makofi mengi. Yule mjane alisimama, akajifunga ushungi wake vizuri.

"Kisima kile si changu tena, nimeshakitoa. Nikimfungia mmoja nimemfungia marehemu. Mie siwezi."

Hapo ndipo mama yangu, mgeni asiye na kura, alipoinuka. Nilimvuta kanga akanipiga kikofi mkononi.

"Kisima kisicho na boma ni dimbwi," akasema. "Kwetu watu wamekufa kwa visima vya namna hii. Dada, weka boma, weka zamu. Wema usio na mlango unaua watu."

Makofi yakaja tena, na hayo ndiyo yaliyoharibu, kwa sababu yalitoka kwa watu wa geti. Mjane akamgeukia.

"Dada, nawe unataka nifunge sadaka ya mume wangu?"

"Nimesema uweke zamu."

"Umesema mbele ya watu."

Akaondoka. Mgeni njoo mwenyeji apone, wamesema wahenga, lakini siku ile mgeni alikuja na mwenyeji akaugua. Jioni mama alikataa chai. Nilidhani ni hasira, nikamwacha. Asubuhi akakataa maji ya kumezea dawa.

"Haya ni ya nani?"

"Ya jirani, mama. Tuna mengine?"

"Basi siyanywi."

Ndipo ile sheria ya utotoni iliponirudia, na nilikasirika kweli. Nilimwambia hapa ni mjini, hatuna anasa ya kuchagua maji kwa kuangalia nani kanuna. Akanijibu kwa upole kwamba kama maji ni tabu, anaweza kurudi kwao. Alianza hata kukunja nguo zake na kuzipanga kwenye mkoba. Nilikwenda kumtafuta mtu wa guta, baiskeli ya mizigo ya magurudumu matatu, anayepita na madumu mtaa wa pili, nikawa nanunua ya mama peke yake. Mwenye guta aliniapia kwamba maji yake anayatoa Pugu, huko milimani.

Mama aliyapokea kama mgonjwa anayepokea matunda. Alikunywa kikombe kizima, akajifuta mdomo.

"Haya ndiyo maji," akasema. "Unasikia yalivyo mepesi? Siyo yale ya chumvi ya kwake."

Aliendelea kuyasifia wiki nzima na zaidi. Aliwaonjesha wajukuu, wanangu. Wajukuu wakasema matamu, kwa sababu walitaka bibi abaki. Mimi nilionja, nikaona chai yangu bado inataka sukari ya ziada, nikadhani ulimi wangu umezoea vibaya.

Asubuhi moja niliwahi kutoka kwa ajili ya mitihani. Adhana ya alfajiri ilikuwa imemalizika na mjane alikuwa ndani anasali. Kwenye bomba zake, guta lilikuwa limeegeshwa kinyumenyume, na mtu wangu wa Pugu anajaza madumu ya manjano, likiwemo lile lenye utepe mwekundu ambalo lilikuwa la mama. Aliponiona akaniamkia kwa adabu zote.

"Shikamoo mwalimu."

"Pugu imehamia hapa lini?"

"Maisha, mwalimu."

Sikumpigia kelele. Siku nzima nilisimamia mitihani nikiwaza jambo moja, nimwambie mama au nisimwambie. Nikimwambia, atajua kwamba amekunywa maji ya mtu aliyekosana naye, na aibu hiyo ingeweza kumtia kwenye basi la kesho. Nisipomwambia, sadaka ya mjane itaendelea kuuzwa chini ya pua yake, na mimi ndiye mnunuzi. Jioni nilimwambia. Nilimwambia nikiwa nimesimama karibu na mlango, ili nikimbie, nusu kwa utani.

Mama alikitazama kikombe alichokuwa nacho mkononi. Akayanywa yote yaliyobaki. Kisha akacheka mpaka kikohozi kikampata, nikampiga mgongoni.

"Hasira ina sukari," akasema. "Nipe fimbo yangu."

Nilimfuata nyuma, sikuweza kuacha. Mjane alikuwa anapima mchele dukani. Alipomwona mama aliinamisha macho kwenye mizani.

"Dada, nimekunywa maji yako," mama akasema. "Nimeyanywa siku nyingi bila kujua. Kwetu aliyekunywa amepatana. Mimi sina tena ugomvi na wewe, hata kama wewe unao na mimi."

"Umeyanywa wapi, na nimesikia uliyakataa?"

Mama akamweleza habari za guta. Mjane aliuacha ule mchele kwenye mizani, akakaa juu ya gunia, akalia. Alilia kama mtu aliyeibiwa kaburini. Alikuwa hajawahi kufikiri kwamba mtu angeamka alfajiri, wakati yeye yuko kwenye mswala, kwenda kumuuza mumewe kwa madumu. Mama akakaa kwenye gunia la pili na goti lake lile. Wakakaa hivyo, mpaka mteja wa sukari alipokuja nikamhudumia mimi.

"Geti siweki," mjane akasema mwishowe.

"Usiweke. Toa mashine."

Pampu ilitolewa siku ya pili, ikawekwa stoo nyuma ya magunia. Bomba za ukutani zikazibwa, mlango wa uani ukaachwa wazi, na juu ya kisima pakafungwa kamba na ndoo moja. Hesabu yao ilikuwa rahisi. Mwenye kiu atavuta ndoo zake na kuondoka, wa juu au wa bondeni. Mwenye guta akivuta mpaka alijaze, mkono utakuwa umekwisha na jua limetoka, na watu wote wanamwona. Alijaribu mara mbili, hakurudi ya tatu.

Mtaa ulitununia. Na mimi nilinuna pia, sitaki kujifanya mtakatifu. Mikono iliniuma hata chaki nilishika kwa shida. Mtaka cha mvunguni sharti ainame, mama aliniambia, yeye ambaye kwa sababu ya goti alikuwa haruhusiwi kuinama. Yule mgombea wa geti alishinda uchaguzi kwa kura nyingi, na kufuli akanunua kweli, ila kisima si chake. Akaanza kusema mtaani kwamba mambo ya mtaa yanaendeshwa na bibi wa kuja. Siku moja aliyasema hayo pale pale uani, mbele ya foleni. Mjane alimjibu bila kuinua sauti.

"Mwanangu, hapa wote tumekuja. Wewe chota, zamu yako imefika."

Aliyezipanga zamu hizo alikuwa mama. Kila asubuhi alikuwa ameketi pembeni ya kisima kwenye kiti chake cha plastiki, anaita mmoja wa juu, mmoja wa bondeni, mjamzito kwanza, mwenye msiba kabla ya wote. Ukimwambia "Bibi, mie nilitangulia," anakuangalia tu, nawe unakumbuka kwamba hukutangulia.

Mvua ya kwao ilinyesha mwezi wa kwanza. Nilijua kabla hajajua, niliisikia redioni nikapunguza sauti. Lakini mjomba ana simu. Alipiga jioni nikiwa jikoni nakoroga ugali, na kwa vile mama husikia vibaya, simu yake huwekwa sauti kubwa, nyumba nzima inashiriki.

"Dada, imeshika," mjomba akasema. "Mto umeshuka na maji. Shamba lako nimelisafisha. Unakuja lini?"

Niliacha mwiko ndani ya sufuria. Ugali ulianza kuungua na sikuugusa.

"Limeni ninyi," mama akasema. "Mimi huku nina zamu."

Mwaka mzima nilikuwa nimembembeleza kwa goti, kwa hospitali, kwa wajukuu. Nilifurahi mpaka nikakaa chini sakafuni. Na iliniuma pia, kwa sababu katika yote yaliyombakiza mama yangu Mbagala, mimi sikuwemo.