Ndovu Watatu Nyuma ya Pikapu ya Kaka

Kaka yangu mkubwa hajawahi kunisamehe kwa kwenda chuo kikuu, nami sijawahi kumsamehe kwa kujua kuendesha gari. Aliendesha lori la kahawa miaka mingi bila kusoma kibao hata kimoja cha barabarani. Mimi nilipata leseni nikiwa tayari na kipara, kisha chuo ninakofundisha kikanipeleka kozi ya siku mbili ya udereva wa kujihami. Nilirudi na cheti. Nikakitundika sebuleni, juu ya kile cha shahada.

Tulichofundishwa ni kwamba gari haliishii pale bati linapoishia. Nafasi iliyo mbele yako, nyuma na ubavuni ni sehemu ya gari lako, uilinde. Chagua nguzo. Gari la mbele likiipita, hesabu sekunde: ndovu mmoja, ndovu wawili, ndovu watatu. Ukiifikia kabla ya ndovu wa tatu, umesogea mno. Niliwahubiria watu wa nyumbani habari za ndovu hao mpaka wakawa wanaona heri watembee kwa miguu.

Kisha ikafika siku ya kupeleka mahari ya kijana wa kaka, kutoka kwetu Githongo hadi Embu. Ilikuwa safari ya pili. Mara ya kwanza tulifika vipande vipande, wazee mapema na asali saa nzima baadaye, na wajomba wa msichana wakaturudisha. Watu wasioweza kufuatana barabarani, walisema, watamlindaje binti yetu? Safari hii walitoa sharti: wote langoni pamoja, kabla ya saa sita, la sivyo tukatafute mke kwingine. Na kwetu msafara wa mahari haukatwi. Gari la mtu baki haliingii kati ya asali na wazee.

Kaka alitangulia na pikapu iliyobeba pipa la asali na kondoo dume. Mimi nilifuata na baba mkubwa wetu, aliyepakata kifurushi cha miraa ya Mikinduri kilichofungwa kwa majani ya mgomba. Bwana harusi na kina mama walikuwa kwenye gari la nyuma yangu.

Hatujafika mbali baada ya Nkubu, teksi ikaingia katika nafasi yangu. Nikarudi nyuma kutengeneza nafasi nyingine. Likaingia lori la ndizi. Simu ikalia, ni kaka; baba mkubwa akaiweka sauti ya juu.

"Mwalimu! Hiyo nafasi unamwachia nani?"

"Ni sekunde tatu tu."

"Kuna lori la ndizi katikati yetu. Ndilo linaoa?"

Baba mkubwa alicheka mpaka akakohoa.

"Nyinyi watu wa vyeti," kaka akasema, "mtanikosesha mkaza mwana." Akakata.

Ningeweza kuvumilia tusi. Kicheko cha baba mkubwa kilinishinda. Nililipita lori mahali ambapo mkufunzi wangu angelia, nikaipita na teksi, nikabandika pua ya gari langu kwenye mkia wa pikapu, karibu hata nikaona mate ya kondoo.

"Sasa unaendesha kama mwanamume," alisema baba mkubwa.

Karibu na Runyenjes kuna tuta lisilo na rangi. Kaka alilijua. Alikanyaga breki, nami nikamgonga. Bampa langu lilining'inia, mfuniko wa pipa ukaruka, na asali ikamiminika kwenye boneti yangu taratibu, bila haraka yoyote.

Kaka alishuka. Alichovya kidole kwenye boneti, akalamba.

"Ndovu wangapi?"

"Hata mmoja," akajibu baba mkubwa, shahidi mwaminifu.

Tulifunga bampa kwa kamba ya kondoo, na bwana harusi, aliyetufikia amevaa suti, akampakata kondoo mwenyewe. Tulifika langoni ikikaribia saa sita, asali ikiwa imebaki nusu. Mjomba wa msichana alilizunguka gari langu, akaitazama pikapu, akagusa asali.

"Leo kweli mmefuatana," akasema, akafungua lango.

Msichana tulipewa. Lakini wakati wa kurudi kaka aliniamuru nitangulie. Kwenye kioo nilimwona akibaki nyuma, nyuma kabisa, na kila gari lililotaka kuingia kati yetu alilipungia mkono liingie. Bodaboda, malori, hata trekta. Alikuwa amelielewa somo langu lote kwa siku moja, na akanirudishia kama tusi.

Mpaka leo, kanisani au matangani, kaka huacha kiti kitupu kati yetu. Nikimtazama, huhama na kuongeza cha pili.